Siri za Namba: Toka Kilindini Hata Simu Yako

Natumaini vikundi vimekwisha kukaa, vya Shinyanga na Mwadui, vya Kahama, na vya Geita na Katoro. Viongozi wa vikundi, hakikisheni kila mtu ana kipande cha karatasi na penseli. Somo letu la leo ni la historia, lakini ni historia yenye hesabu ndani yake. Msiogope. Hesabu zenyewe ni za kujumlisha, kutoa na kuzidisha, ambazo mmekwisha kujifunza. Na ninyi mtakaosoma maneno haya baadaye, someni polepole, na kila penye hesabu ifanyeni wenyewe kwa mkono.

Tuanze na jambo ambalo watu wa migodini watalielewa upesi. Tuseme upo mgodi, wa almasi au wa dhahabu, na jioni wafanyakazi 200 wanatoka langoni. Mlinzi hawezi kuwapekua wote, kwa hiyo anaamua kumpekua kila mtu wa 10. Siku ya kwanza anafaulu. Siku ya pili anafaulu. Siku ya tatu mwizi mmoja, aliyekuwa amekaa pembeni akihesabu, amekwisha kujua: wa 10, wa 20, wa 30. Anaficha kijiwe chake katika kiatu, anasimama wa 9, anapita akitoa salamu. Je, mlinzi alikosa nini? Hakusinzia, wala hakupokea rushwa. Kosa lake ni kwamba kazi yake ilikuwa na kanuni, na mwizi akaibashiri.

Mlinzi mwerevu angefanya hivi. Angetia katika mfuko kokoto 10, 9 nyeusi na 1 nyeupe. Kila anayepita angetia mkono, atoe moja bila kutazama, kisha airudishe. Atakayetoa nyeupe apekuliwe. Hapo mwizi na ahesabu hata alfajiri, hatajua nani atapekuliwa. Jambo linalotokea namna hii, bila mtu kuweza kulibashiri, huitwa jambo la nasibu. Na namba zinazopatikana namna hii huitwa namba za nasibu. Lishikeni neno hilo, maana ndilo somo letu la leo.

Labda mtu atasema, "Mwalimu, hilo ni jambo dogo. Mimi naweza kutaja namba ovyo ovyo toka kichwani mwangu." Haya, tujaribu. Kila mmoja aandike namba ya tarakimu 4, ovyo kabisa. Lakini angalieni: asiandike mtu namba yake ya siri ya simu!

(Hapa vikundi vilipewa dakika moja.)

Tazameni karatasi zenu. Ni wangapi walioandika tarakimu mbili za aina moja zikifuatana, kama 4471 au 8003? Nadhani ni wachache. Mtu akitaka kuandika ovyo huiona 44 kama kwamba ina mpango, akaikwepa. Lakini katika namba zote 10,000, toka 0000 hata 9999, namba 2,710 zina tarakimu za aina moja zinazofuatana. Hiyo ni zaidi ya robo. Basi kichwa cha binadamu kina desturi zake hata kinapodhani hakina. Na penye desturi, mwenye subira ataiona.

Sasa twende kwenye historia. Katika Vita Kuu ya Pili, iliyoanza mwaka 1939 na kwisha mwaka 1945, manowari zilipeana habari kwa simu ya upepo. Simu ya upepo ina ubaya mmoja: rafiki anasikia, na adui anasikia vile vile. Kwa hiyo habari zilifumbwa. Mmoja anafumba, mwenzake anafumbua, na adui anabaki na namba zisizo na maana.

Wanamaji wa Japani walitumia vitabu viwili. Katika kitabu cha kwanza kila neno lilipewa namba ya tarakimu 5. Kitabu cha pili kilijaa namba za nasibu, ukurasa baada ya ukurasa. Mfumbaji alichukua namba ya neno, akajumlisha na namba ya kitabu cha pili, na jumla hiyo ndiyo iliyopelekwa hewani. Waingereza na Wamarekani waliuita mpango huo JN-25.

Tuufanye sisi wenyewe, lakini kwa tarakimu 2 tu. Tuseme neno "meli" ni 27, na neno "kesho" ni 58. Namba za nasibu za leo ni 42 na 89. Tujumlishe tarakimu kwa tarakimu, na ikizidi 9 tuandike tarakimu ya mwisho tu, tusipeleke kitu upande wa kushoto. 27 na 42 hutupa 69. Kisha 58 na 89: 5 na 8 ni 13, andika 3, 8 na 9 ni 17, andika 7. Tumepata 37. Basi hewani zinakwenda 69 na 37. Mwenzetu mwenye kitabu anatoa 42 na 89 kwa njia ile ile, na anapata tena "meli kesho".

Je, fumbo hili linavunjika? Mwaka 1949 Mmarekani mmoja, Claude Shannon, alichapisha uthibitisho wa hesabu juu ya jambo hili. Ikiwa namba za kujumlishia ni za nasibu kweli, ikiwa ni nyingi kama ujumbe wenyewe, ikiwa wanazijua wawili tu, na ikiwa zinatumiwa mara moja kisha kuteketezwa, basi hapana binadamu wala mashine itakayofumbua. Hata ikiwa na miaka elfu. Kwa maana 69 inaweza kuwa neno lolote. Hapana alama ya kuonyesha lipi.

Lakini shikeni yale maneno: "mara moja". Tuseme mfumbaji mvivu anatumia 42 mara mbili. Jana alifumba 27, ikawa 69. Leo anafumba 31, inakuwa 73. Adui anatoa 69 katika 73, tarakimu kwa tarakimu: 7 kutoa 6 ni 1, 3 kutoa 9, tuazime 10, ni 4. Anapata 14. Sasa toeni 27 katika 31 kwa njia hiyo hiyo. Ni 14 pia! Ile 42 imetoweka kama umande. Adui sasa ameshika tofauti ya maneno mawili ya kweli, na kazi yake imekuwa nyepesi mno.

Jambo hili ndilo lililowapata Wajapani. Bahari ilikuwa kubwa, manowari zilikuwa nyingi, ujumbe ulikuwa maelfu, lakini kitabu cha namba kilikuwa na mwisho. Kurasa zikarudiwa. Tena walikuwa na desturi nyingine. Ili mpokeaji ajue kama amesikia vibaya, namba zote za kitabu cha kwanza zilichaguliwa ziwe zinagawanyika kwa 3. Ninyi mnajua njia ya kupima: jumlisha tarakimu. 20115 hutoa 9, basi inagawanyika. Ilikuwa njia nzuri ya kusahihisha makosa, lakini adui naye alijua kugawanya kwa 3! Aliupanga ujumbe uliofumbwa kwa ukurasa mmoja, mstari chini ya mstari, akabuni namba ya nasibu, akaitoa katika safu nzima. Kama majibu yote yaligawanyika kwa 3, alijua amekaribia.

Na watu waliofanya kazi hiyo walikuwa wapi? Baadhi yao walikuwa karibu nasi, Mombasa.

Waingereza walikuwa na ofisi ya kufumbua mafumbo ya Wajapani huko Singapore. Adui alipokaribia, ofisi ilihamia Colombo katika kisiwa cha Ceylon, ambacho leo huitwa Sri Lanka. Singapore ikaanguka tarehe 15 Februari 1942. Tarehe 5 Aprili 1942 ndege za Kijapani ziliipiga Colombo nayo. Manowari nyingi za Waingereza zikarudi nyuma mpaka bandari ya Kilindini, na wafumbuzi wakaja pia. Waliwekwa katika jengo la shule, Shule ya Allidina Visram, inayotazama bahari. Mpaka leo jengo hilo ni shule. Ndugu zangu, fikirini jambo hilo: mahali walipokaa watoto kujifunza kujumlisha, walikaa watu wazima, wanaume na wanawake wa jeshi la maji, wakijumlisha na kutoa ili waokoe meli.

Kazi haikuwa rahisi. Kilindini iko mbali na bahari za Japani, na sauti za simu ya upepo zilifika hafifu. Namba moja ikisikika vibaya, safu nzima inaharibika. Hata hivyo hawakuacha. Lilikuwapo fumbo la meli za biashara za Kijapani, lililoitwa JN-40. Kwanza lilidhaniwa kuwa ni la kujumlisha namba za nasibu kama lile la JN-25. Mwezi wa Septemba 1942 Wajapani walifanya kosa, na wafumbuzi wawili wa Kilindini, John MacInnes na Brian Townend, wakaliona. Kumbe fumbo lile lilikuwa la namna nyingine: herufi ziligeuzwa kuwa tarakimu, kisha tarakimu zikapangwa upya katika safu. Kufika Novemba 1942 waliweza kusoma ujumbe wa zamani wa fumbo hilo, na ule mpya kila ulipoingia. Mwaka 1943 ofisi ilirudi Ceylon.

Pengine mtu wa Shinyanga atauliza, "Mambo ya Waingereza na Wajapani yanatuhusu nini?" Yanatuhusu. Askari wa King's African Rifles, na wa Tanganyika wakiwamo, walivushwa bahari hiyo kwenda Ceylon na kisha Burma. Tarehe 12 Februari 1944 meli Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa na manowari ya chini ya maji ya Kijapani karibu na visiwa vya Maldives. Ilizama kwa dakika chache. Watu 1,297 walikufa, na wengi wao walikuwa askari wa mizinga wa Afrika Mashariki. Katika bahari kama hiyo, kujua meli ya adui iko wapi, na kumzuia adui asijue yako iko wapi, si mchezo wa namba. Ni kurudi nyumbani au kutorudi.

Vita vilipokwisha, zikaja kompyuta. Kompyuta ilihitaji namba za nasibu kwa wingi, lakini haina mkono wa kutia katika mfuko wa kokoto. Yenyewe hufuata amri tu. Basi wanahesabu walitafuta njia ya kuifanya itoe namba zinazofanana na za nasibu kwa kufuata kanuni. Mwaka 1949 D. H. Lehmer, Mmarekani, alieleza njia ya kuzidisha na kushika baki. Nitawapa mfano wa ukoo wa njia hiyo, mfanye kwa penseli.

Anzeni na namba 35. Hiyo tuiite mbegu. Zidisheni kwa 21, ongezeni 7, shikeni tarakimu mbili za mwisho tu. 35 mara 21 ni 735, ongeza 7 ni 742, shika 42. Sasa 42 mara 21 ni 882, ongeza 7 ni 889, shika 89. Endeleeni. Mtapata 42, 89, 76, 03, 70, 77, 24, 11, 38. Je, hazionekani kama zimetoka katika mfuko wa kokoto? Lakini hazikutoka huko. Zimetoka katika kanuni. Hizi huitwa namba za nasibu ya bandia.

Bandia hii ina faida kubwa. Mimi nikiwa Shinyanga na wewe ukiwa Geita, tukiwa na mbegu moja na kanuni moja, tutapata namba zile zile bila kupelekeana kitabu. Mkulima wa pamba anajua: mbegu ile ile huzaa mmea ule ule.

Ina hatari pia. Tazameni tarakimu za mwisho peke yake: 2, 9, 6, 3, 0, 7, 4, 1, 8. Ongezeni 7 kwenye 2, mnapata 9. Ongezeni 7 kwenye 9, ni 16, shikeni 6. Kwenye 6, ni 13, shikeni 3. Mmeiona? Kila moja ni ile iliyotangulia na 7! Tena baada ya namba 100 mtarudi kwenye 35 na kuanza upya. Hili ndilo lile lango la mgodi, na mwizi amesimama wa 9. Kwa sababu hiyo namba za njia hii hufaa kwa michezo na hesabu za majaribio, lakini hazifai kulinda siri. Za kulinda siri hutengenezwa kwa kanuni ngumu zaidi, ambazo mtu akiona namba milioni bado hawezi kuibashiri inayofuata.

Na hata kanuni ikiwa ngumu namna gani, mbegu ikiwa dhaifu, siri ni dhaifu. Kanuni huweza kujulikana na dunia nzima. Kilichofichwa ni mbegu. Mwaka 2008 iligunduliwa kwamba katika Debian, mpango wa kompyuta unaotumika duniani kote, mtu alikuwa ameondoa mistari michache ya maagizo mwaka 2006. Mistari hiyo ndiyo iliyokuwa ikichanganya mbegu. Kwa muda wa karibu miaka miwili kompyuta hizo zilitengeneza funguo za siri kwa mbegu zipatazo 32,767 tu. Funguo zilionekana ndefu na za kutisha, lakini mwizi aliweza kuzijaribu zote kwa zamu. Ni kama kuweka mlango wa chuma na kutundika ufunguo ukutani. Tangu hapo fundisho ni hili: mbegu ichukuliwe kwenye mambo ya asili yasiyobashirika, kama mitetemo midogo ya umeme ndani ya mashine, na iwe kubwa.

Mwaka huo huo wa 2008 huduma ya M-Pesa ilianza Tanzania, baada ya kuanza Kenya mwaka 2007. Leo mchimbaji wa Geita humtumia mama yake fedha Shinyanga bila kupanda basi. Basi jueni kwamba kila unapowasha simu, mtambo wa kampuni huuliza kadi yako, "Ni nani?" Huiuliza kwa kutuma namba ya nasibu, kubwa sana, yenye tarakimu zipatazo 39. Kadi huichanganya na siri yake na kurudisha jibu. Kama swali lingekuwa lile lile kila siku, mwizi angeliteka jibu la jana na kulitumia leo. Kwa kuwa swali hubadilika bila kubashirika, jibu la jana halifai kitu. Na zile namba 20 za LUKU mnazobonyeza katika mita ni fumbo vile vile, na mita ndiyo inayofumbua.

Basi mashine zimefanya sehemu yao. Imebaki sehemu moja, nayo iko mkononi mwako: ile namba ya siri ya tarakimu 4. Namba zinazowezekana ni 10,000. Mwizi aliyeokota simu yako hupewa nafasi chache tu za kujaribu kabla ya kufungiwa, na kwa hiyo 10,000 ni ukuta mrefu. Lakini ukichagua mwaka uliozaliwa, umefanya nini? Watu wazima wengi wamezaliwa kati ya mwaka 1950 na 2009. Hiyo ni miaka 60. Kwa mkono wako mwenyewe umeubomoa ukuta wa 10,000 ukabakiza 60. Na jirani anayekufahamu hahitaji hata hizo 60. Ukichagua 1234 au 0000, hukubakiza kitu.

Fanya hivi badala yake. Andika tarakimu 0 hata 9 katika vipande 10 vya karatasi vilivyo sawa, vikunje, utie katika kikombe. Toa kimoja, kikariri, kirudishe, tikisa. Fanya mara 4. Ikitoka namba yenye tarakimu zilizorudiwa, usiikwepe. Lakini ikitoka mwaka au 1234, rudia upya. Usimwambie mtu, hata anayejiita mfanyakazi wa kampuni ya simu. Na usitumie namba hiyo mahali pengine, maana mmekwisha kuona yaliyowapata waliotumia ukurasa mmoja mara mbili.

Hayo ndiyo tuliyotaka kujifunza leo. Wafumbuzi wa Kilindini hawakuwa na uchawi. Walikuwa na darasa, penseli, hesabu za kutoa na kugawanya kwa 3, na subira. Hesabu hizo mnazo ninyi pia. Anayejua hesabu huweza kulinda jasho lake. Asiyejua hulilindiwa na mwingine, na mwingine huyo huenda ndiye mwizi.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi:

1. Kwa nini mlinzi anayepekua kila mtu wa 10 hushindwa na mwizi?

2. Fumbeni namba 64 kwa kujumlisha 78, bila kupeleka kitu kushoto. Kisha ifumbueni. (Mtapata 32, na mkitoa mtarudi kwenye 64.)

3. Anzeni na mbegu 10 katika kanuni yetu ya kuzidisha kwa 21 na kuongeza 7. Andikeni namba 5 za kwanza, kisha tazameni tarakimu za mwisho. (Ni 17, 64, 51, 78, 45.)

4. Mzee wa kijiji ataka kugawa viwanja 30 kwa watu 30 bila upendeleo. Afanyeje ili kila mtu aone kwamba hapakuwa na mpango wa siri?

Kwaherini, ndugu wasikilizaji, mpaka somo lijalo.